Luciano Vassallo: Chotara wa Asmara aliyelinyanyua Kombe la Afrika

SHABIKI wa kandanda mjini Kisumu mwenye umri wa kuikumbuka Kicomi hahitaji kuelezwa jinsi kiwanda kinavyoweza kuzaa timu. Kiwanda cha nguo cha Kisumu Cotton Mills ndicho kilichoipa timu hiyo jina, nayo ikalipeleka jina hilo hadi ligi kuu ya taifa katika miaka ya 1970 na 1980. Viwanda vya sukari vya Chemelil na SoNy vilipita njia iyo hiyo baadaye, na SoNy ikatwaa ubingwa wa Kenya mwaka 2006. Mchezaji wa timu kama hizo alikuwa mfanyakazi kwanza. Jezi aliivaa akishavua ovaroli.

Kwa shabiki huyo, maisha ya Luciano Vassallo yana mengi anayoyafahamu tayari, ingawa yalianzia Asmara, mbali kaskazini mwa Ziwa Victoria. Vassallo alikuwa fundi wa mitambo. Alitamba akiwa na timu ya kiwanda cha pamba. Mnamo Januari 21, 1962 aliiongoza Ethiopia kama nahodha kutwaa Kombe la Mataifa ya Afrika, taji ambalo Kenya, Uganda na Tanzania hazijawahi kulionja. Tofauti yake na wachezaji wa Kicomi ilikuwa jina. Jina lake la ukoo lilikuwa la Kiitaliano, na kwa sehemu kubwa ya maisha yake palikuwapo mtu mwenye mamlaka aliyeona kwamba hakustahili kuwa nalo.

Alizaliwa Agosti 15, 1935 jijini Asmara. Mama yake alikuwa Mueritrea na baba yake mwanajeshi wa Kiitaliano. Eritrea ilikuwa koloni la Italia tangu mwaka 1890, na Asmara, mji uliojengwa juu ya uwanda wenye mwinuko wa zaidi ya mita 2,300, ulikuwa umejaa mikahawa, majumba ya sinema na karakana za Waitalia. Hata wiki nane hazikupita tangu mtoto huyo azaliwe kabla ya Oktoba 3, 1935, siku majeshi ya Benito Mussolini yalipovuka mpaka kutoka Eritrea na kuivamia Ethiopia. Nchi ambayo Vassallo angekuja kuvaa jezi yake ilikuwa, alipokuwa kitandani mwa mama yake, ikishambuliwa na jeshi la baba yake.

Vita hivyo viliandamana na sheria. Kwa miaka mingi wanajeshi na walowezi wa Kiitaliano walikuwa wakiishi na wanawake wa Kieritrea bila ndoa rasmi, na watoto waliozaliwa walikuwa maelfu. Serikali ya Kifashisti iliona aibu katika jambo hilo. Amri ya mwaka 1937 iliweka adhabu ya kifungo cha mwaka mmoja hadi mitano kwa Mwitalia aliyeishi kinyumba na Mwafrika. Kisha, Mei 1940, ikatungwa sheria iliyowahusu watoto wenyewe: chotara alihesabiwa kuwa Mwafrika, mzazi wake Mwitalia hakuruhusiwa kumtambua kisheria, na mtoto hakuruhusiwa kutumia jina la ukoo la mzazi huyo.

Msomaji wa kandokando ya ziwa ataielewa adhabu hiyo haraka. Kwa Wajaluo, jina humweleza mtu hata kabla hajafungua kinywa. Odhiambo alizaliwa alasiri, Okoth alizaliwa wakati wa mvua, na jina la babu humfunga mtoto kwa waliomtangulia. Kumkataza mtoto jina la baba ni kumkatia kamba. Sheria hiyo ilipopitishwa Luciano hakuwa ametimiza miaka mitano. Mwaka huo huo wa 1940 alizaliwa nduguye mdogo, naye akapewa jina Italo, ambalo maana yake ni Mwitalia. Ni vigumu kujua kama kulikuwa na ukaidi katika uamuzi huo au mapenzi tu, lakini historia iliyatumia majina ya ndugu hao wawili kwa namna ambayo hakuna aliyeitarajia.

Ili kuelewa kilichofuata, sharti kwanza itazamwe baiskeli, kwa kuwa Asmara ni mji uliojaribiwa na baiskeli kabla ya kujaribiwa na mpira. Waitalia walipohamia huko walikuja na mapenzi yao ya mashindano ya baiskeli, na kufikia mwaka 1937 mbio rasmi zilikuwa zimeanza kuandaliwa. Waeritrea hawakuruhusiwa kushindana na Waitalia. Waliendesha baiskeli kwenda kazini, walibeba mizigo, walizitengeneza zilipoharibika, lakini siku ya mashindano walisimama kando ya barabara wakitazama.

Mwaka 1939 watawala wakajiamini kupita kiasi. Wakaandaa shindano maalumu la kupimana nguvu, Waitalia na Waeritrea barabara moja, saa moja, bila shaka wakitarajia kwamba matokeo yangethibitisha yale waliyokuwa wakiyahubiri kuhusu ubora wa rangi. Aliyefika wa kwanza alikuwa Mueritrea, Ghebremariam Ghebru. Watawala wa kikoloni hufanya makosa ya aina nyingi, lakini ni nadra kuwaona wakiandaa wenyewe mtihani, wakiusahihisha wenyewe, kisha wakiushindwa hadharani.

Miaka miwili baadaye utawala huo uling'oka. Wazee wa Nyanza wanaoijua historia ya Keya, yaani jeshi la King's African Rifles, watakumbuka kwamba vijana kutoka vijiji vya ziwa walikuwa miongoni mwa askari waliopelekwa kupigana na Waitalia mwaka 1941, wakapitia Somalia hadi ndani ya Ethiopia. Upande wa kaskazini, majeshi mengine ya Uingereza yaliingia Asmara Aprili 1, 1941. Maelfu ya Waitalia waliotekwa waliletwa Kenya kama wafungwa wa vita. Kanisa dogo walilolijenga mwaka 1942 bado lipo Mai Mahiu, chini ya ukingo wa Bonde la Ufa, na msafiri anayetoka Nairobi kuelekea magharibi kwa barabara ya chini hulipita.

Uingereza iliitawala Eritrea kuanzia 1941 hadi 1952. Waitalia wengi walibaki na baiskeli zao, na mwaka 1946 yakafanyika kwa mara ya kwanza mashindano ya kuizunguka Eritrea, yakiiga yale ya kuizunguka Italia. Safari hii wenyeji walikuwamo. Kutoka hapo mchezo huo haukurudi tena mikononi mwa wageni peke yao. Ethiopia iliposhiriki Michezo ya Olimpiki kwa mara ya kwanza, Melbourne mwaka 1956, ilipeleka wakimbiaji na timu ya waendeshaji baiskeli.

Hapa inafaa kulinganisha. Baiskeli iliingia Nyanza vilevile wakati wa ukoloni, ikapewa jina la Kijaluo, ndiga, na kwa muda mrefu ikawa alama ya mwalimu, karani au mfanyabiashara aliyefanikiwa. Baadaye, kutoka mpaka wa Busia, ikageuka kuwa bodaboda, ikawalisha maelfu ya vijana wa Kisumu kabla ya pikipiki kuwafukuza barabarani. Vijana hao walipanda mlima wakiwa wamebeba abiria, jua kali kichwani, siku sita kwa wiki. Nguvu ya miguu haikukosekana kandokando ya ziwa. Kilichokosekana ni klabu, kocha, ratiba ya mbio na mtu wa kutoa zawadi. Asmara ilirithi vitu hivyo vyote kutoka kwa watu waliokusudia kujiwekea wenyewe, na ndiyo sababu leo Eritrea ina waendeshaji mabingwa na Kisumu ina kumbukumbu za bodaboda.

Kandanda nayo ilipitia njia inayofanana na hiyo, na katika njia hiyo ndimo alimokulia Luciano Vassallo. Alijifunza ufundi wa mitambo katika karakana ya reli. Reli ya Eritrea ilikuwa imefika Asmara kutoka bandari ya Massawa mwaka 1911, miaka kumi baada ya reli ya Uganda kufika Port Florence, mji ambao sasa ni Kisumu, na katika miji yote miwili karakana za reli zilikuwa chuo cha vijana wasio na chuo. Mpira aliuanza katika Stella Asmarina, klabu ya vijana machotara. Kuwapo kwa klabu ya aina hiyo kunaeleza mengi kuhusu mji wenyewe. Waitalia walikuwa na timu zao, Waeritrea walikuwa na zao, na aliyezaliwa kati yao ilimbidi atafute ya tatu. Kutoka huko alipanda hadi timu kubwa za Asmara.

Wanaomkumbuka wanamtaja kama kiungo aliyeweza kucheza pia nyuma, mwenye shuti zito, na mtulivu wakati wa kupiga penalti. Hesabu zinazotajwa sana zinampa mechi 104 na mabao 99 akiwa na timu ya taifa. Takwimu za enzi hizo zilichanganya mechi za kila aina, kwa hivyo ni vyema kuzipokea kwa tahadhari. Lakini hata zikipunguzwa nusu, kwa mtu aliyeanzia nyuma zinabaki kuwa kubwa.

Mabadiliko ya siasa ndiyo yaliyomfungulia mlango wa timu hiyo. Mnamo Septemba 1952 Umoja wa Mataifa uliiunganisha Eritrea na Ethiopia katika shirikisho chini ya taji la Mfalme Haile Selassie. Ghafla wachezaji wa Asmara wakawa wachezaji wa Ethiopia, na Ethiopia ikapata hazina. Katika miaka ya 1950 klabu za Eritrea zilikwenda Addis Ababa na kurudi na ubingwa wa taifa zaidi ya mara moja.

Vassallo mwenyewe alihamia Dire Dawa, mji wa mashariki mwa Ethiopia ulio kwenye reli ya kutoka Addis Ababa kwenda Djibouti, akajiunga na timu ya kiwanda cha pamba. Ni Kicomi kabla ya Kicomi. Timu hiyo ilitwaa ubingwa wa Ethiopia mara nne kati ya 1960 na 1965, na kuonyesha kwamba kiwanda kilichoko mbali na mji mkuu kinaweza kuzipiku klabu zinazokaa karibu na ikulu.

Kombe la Mataifa ya Afrika lilikuwa changa wakati huo. Mashindano ya kwanza, Sudan mwaka 1957, yalikuwa na mataifa matatu tu uwanjani: Misri, Ethiopia na wenyeji. Misri ilishinda hayo na ya mwaka 1959. Ethiopia ilipewa uenyeji wa yale ya 1962, na timu nne zikakutana Addis Ababa: wenyeji, Tunisia, Misri iliyocheza kwa jina la Jamhuri ya Muungano wa Kiarabu, na Uganda. Jirani huyo wa ng'ambo ya ziwa alikuwa bado chini ya Mwingereza, akibakisha miezi tisa kabla ya kupata uhuru wake. Waganda walijitutumua katika nusu fainali na kulazwa 2-1 na Misri, kisha wakapoteza 3-0 kwa Tunisia katika mechi ya nafasi ya tatu. Ethiopia iliilaza Tunisia 4-2 na kutinga fainali.

Ndipo suala la jina likaibuka. Kisa hiki kimesimuliwa mara nyingi katika habari za maisha ya Vassallo. Kombe lingekabidhiwa na Mfalme mwenyewe, mtu aliyekimbilia uhamishoni mwaka 1936 kwa sababu ya Waitalia. Inasimuliwa kwamba baadhi ya wakubwa wa soka waliona haya kuwaza Haile Selassie akimpa mkono nahodha anayeitwa Luciano Vassallo mbele ya dunia. Walitaka abadilishe jina achukue la Kiethiopia, au utepe wa unahodha apewe mwingine. Alikataa. Mkufunzi wa timu, Yidnekatchew Tessema, ambaye baadaye aliliongoza Shirikisho la Soka la Afrika kuanzia 1972 hadi alipofariki 1987, alibaki na nahodha wake.

Ukiutazama ugomvi huo pamoja na sheria ya 1940, unapata jambo la ajabu. Waitalia walitaka kumnyang'anya chotara jina la Kiitaliano kwa sababu alikuwa Mwafrika. Miaka 22 baadaye Waafrika walitaka kumnyang'anya jina lilo hilo kwa sababu lilikuwa la Kiitaliano. Wa kwanza walikuwa na nia mbaya. Hao wa pili walikuwa na kidonda ambacho hakikuwa kimepona, na anayekumbuka mabomu ya gesi yaliyodondoshwa na ndege za Mussolini juu ya Waethiopia hawezi kuwalaumu kwa wepesi. Lakini kwa mwenye jina, matokeo yangekuwa mamoja.

Fainali ilichezwa katika uwanja uliobeba jina la Mfalme, naye akiwapo. Misri ilitangulia dakika ya 35 kupitia Badawi Abdel Fattah. Ethiopia ilisubiri hadi dakika ya 74 kusawazisha, ila furaha ilidumu dakika moja tu, kwani Badawi alipachika la pili. Dakika sita kabla ya kipenga cha mwisho, Luciano Vassallo akasawazisha kwa mara ya pili na kuipeleka mechi katika muda wa ziada. Dakika ya 101 Ethiopia ikaongoza kwa mara ya kwanza, na mfungaji alikuwa Italo Vassallo, yule aliyezaliwa mwaka wa sheria ya machotara na kuitwa Mwitalia. Mengistu Worku akafunga la nne dakika tatu kabla ya mwisho. Ethiopia 4, Misri 2. Nahodha akapanda, Haile Selassie akamkabidhi kombe, na jina lililoandikwa katika kumbukumbu ni lile alilopewa Asmara.

Ushindi huo ulikuja wakati shirikisho la Eritrea na Ethiopia lilikuwa likivunjika. Risasi za kwanza za vita vya ukombozi wa Eritrea zilikuwa zimelia Septemba 1961, miezi minne kabla ya fainali. Novemba 1962, miezi kumi baada yake, Haile Selassie alilifuta shirikisho na kuifanya Eritrea kuwa jimbo. Timu iliyoshinda kwa miguu ya vijana wa Asmara na wa Addis Ababa haikuweza kuziba ufa uliokuwa ukipanuka nje ya uwanja. Vita hivyo vilidumu miaka 30, hadi 1991, na Eritrea ikawa nchi huru mwaka 1993.

Vassallo aliendelea kuichezea Ethiopia kwa miaka kadhaa. Mwaka 1968 Ethiopia iliandaa tena fainali hizo ikamaliza ya nne. Haijapata kukaribia taji tangu hapo. Miongoni mwa wanachama wa CECAFA ni Sudan pekee, ikiwa mwenyeji mwaka 1970, ndiyo iliyowahi kulitwaa kombe hilo baada ya Ethiopia. Uganda ilifika fainali ya 1978 ikashindwa na Ghana. Kwa upande wa Kenya, ushindi mkubwa zaidi wa bara bado ni wa klabu, pale Gor Mahia ilipoitoa Espérance ya Tunisia kwa kanuni ya bao la ugenini na kutwaa Kombe la Washindi mwaka 1987, nahodha akiwa Austin Oduor.

Mapinduzi ya Septemba 1974 yalimwondoa Mfalme na kuwaweka wanajeshi. Mwaka 1978, baada ya kipindi cha mauaji ya kisiasa kilichojulikana kama Ugaidi Mwekundu, Vassallo aliihama nchi kupitia Djibouti, na hatimaye akafika Italia. Huko akarudi kwenye kazi aliyojifunza ujanani, ya ufundi wa magari, na akawafundisha mpira watoto katika eneo la Ostia, karibu na Rome. Mwaka 2000 alichapisha kitabu cha maisha yake kwa Kiitaliano, Mamma, ecco i soldi, yaani Mama, fedha ndizo hizi. Katika taifa la baba yake alijulikana na wachache tu.

Swali la jina na jezi halikuisha naye, na wakazi wa Nyanza wana mfano wao. Mike Okoth Origi aliichezea Kenya kabla ya kuhamia Ubelgiji. Mwanawe, Divock Origi, alizaliwa Ostend mwaka 1995, na Juni 22, 2014 aliifungia Ubelgiji bao la pekee dhidi ya Urusi katika Kombe la Dunia nchini Brazil. Nahodha Austin Oduor ni ndugu ya babake. Jina ambalo lingeweza kusomwa katika orodha yoyote ya wachezaji mjini Kisumu lilikuwa mgongoni mwa jezi nyekundu ya Ubelgiji. Wapo waliolalamika kwamba Kenya imeibiwa, na wapo waliofurahi kana kwamba Kenya ndiyo iliyofunga. Mjadala kama huo utarudi kwa nguvu zaidi, kwani Septemba 2023 CAF iliwapa Kenya, Uganda na Tanzania uenyeji wa pamoja wa fainali za 2027, na kila mwenyeji hutazama ng'ambo kutafuta damu yake.

Eritrea huru haijawahi kufuzu kwa fainali za Kombe la Afrika. Heshima yake imeletwa na ule mchezo wa mwaka 1939. Daniel Teklehaimanot aliivaa jezi ya mfalme wa milima katika Tour de France ya mwaka 2015. Biniam Girmay, mzaliwa wa Asmara, alishinda Gent-Wevelgem nchini Ubelgiji mwaka 2022, akashinda mkondo mmoja wa mashindano ya kuizunguka Italia mwaka huo huo, na mwaka 2024 akashinda mikondo mitatu ya Tour de France na kurudi nyumbani na jezi ya kijani.

Italo Vassallo alifariki mwaka 2021. Kakake alimfuata Septemba 16, 2022, jijini Rome, akiwa na umri wa miaka 87.